Nitasimuliaje sauti ya mlima uliomeguka?

"Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, mzaliwa wa Katesh, mkoani Manyara. Tarehe 3 Desemba 2023 nilikuwa nyumbani na mama wakati mlima Hanang ulipolipuka na tope likashuka. Sisi tulipona, majirani zetu wawili hawakupona. Sasa redio ya hapa kwetu imeniomba niandae simulizi ya dakika kumi ya kuikumbuka siku ile. Naandika na kufuta. Kila nikisoma nilichoandika naona maneno matupu: 'sauti kubwa ya kutisha', 'hofu isiyoelezeka'. Nina video ya jirani aliyorekodi kwa simu, lakini nikiicheza nasikia mchakacho tu na watu wakipiga kelele, siyo ile sauti niliyoisikia mimi. Ninachokumbuka vizuri ni vitu vidogo visivyo na maana: sufuria ziligongana rafuni kabla ya chochote, nikadhani mama ameamka kuchemsha chai, halafu nikadhani ni lori la mawe kwenye barabara ya Singida. Je, niweke sauti za kutengeneza za radi na maporomoko ili msikilizaji aelewe? Au niache yote niandike shairi? Kuna na jambo la mama. Mvua ikianza kupiga bati hutoka nje, hata usiku. Natamani naye asimulie kwenye kipindi ili atoe yaliyo moyoni, lakini anasema Kiswahili chake si cha redioni. Nyumbani tunaongea Kiiraqw. Naomba ushauri."

Pole sana, mwalimu, wewe na mama, na poleni kwa majirani zenu. Umeuliza mambo kadhaa, lakini naona yote yametoka kwenye wasiwasi mmoja: jambo lilikuwa kubwa mno, na ulichobaki nacho kichwani kinaonekana kidogo mno. Kwa hiyo unatafuta cha kukijazia, radi ya kutengeneza, vina, au maneno mazito. Mimi naona hivyo ulivyoviita vitu vidogo visivyo na maana ndivyo kipindi chenyewe, na nitajaribu kukueleza kwa nini.

Kwanza nikurekebishe neno moja, kwa sababu likitoka redioni watoto watalibeba. Hanang ni mlima wa volkano, na siku zile za mwanzo wengi walisema umelipuka. Haukulipuka. Wataalamu wa serikali waliofika walieleza kwamba hakukuwa na dalili yoyote ya volkano kuamka. Mvua kubwa za msimu ule wa El Niño zilikuwa zimeilowesha sehemu ya mlima yenye miamba dhaifu, sehemu hiyo ikameguka, ikachanganyika na maji, ikawa tope zito lililofuata mto Jorodom hadi kwenye makazi ya watu na mji wa Katesh, likizoa mawe na miti njiani. Watu 89 walipoteza maisha. Sema basi mlima ulimeguka. Mlima unaolipuka na mlima unaomeguka haisikiki sawa, na hapa ndipo tunaingia kwenye swali la sauti.

Tope lililobeba mawe halisikiki kama mto uliofurika. Mawe makubwa hugongana ndani yake na kuigonga sakafu ya mkondo, na mitetemo hiyo husafiri hewani na ardhini pia. Sehemu kubwa ya sauti hiyo ni besi, nzito, ya chini kabisa. Sikio la binadamu hushika kuanzia mitetemo 20 hivi kwa sekunde. Iliyo chini ya hapo hatuisikii, ila miguu na kifua huihisi. Yaelekea ndicho kilichotokea jikoni kwenu: mitetemo ilipita ardhini, ikapanda ukutani, ikafika rafuni, na sufuria zikaitika kabla masikio yako hayajashika lolote. Halafu ukasikia lori. Waliookoka maporomoko ya namna hii katika nchi nyingine nao husema walisikia treni, ndege au msururu wa malori. Sikio lako halikukudanganya hata kidogo. Lilipewa sauti ambayo halijawahi kukutana nayo, likakuletea iliyo karibu nayo zaidi.

Sasa video. Maikrofoni ya simu imetengenezwa kwa ajili ya mtu anayeongea. Sauti ikizidi, simu yenyewe huishusha, ikipungua, huipandisha, na mivumo ya besi huichukulia kuwa upepo au kelele za nyuma, ikaipunguza. Hata kile kidogo kilichonaswa hakitoki vizuri, maana spika ya simu ni ndogo mno kwa besi. Kinachobaki ni mchakacho wa juu juu na vilio vya watu, kwa sababu sauti ya mtu ndiyo simu ilitengenezewa. Ukiisikiliza kwenye spika kubwa utapata zaidi kidogo, lakini siku ile haitarudi. Usijilaumu kwamba unakumbuka tofauti na ushahidi. Katika hili ushahidi ndio uliopungukiwa.

Kuhusu kuitumia hewani, nakusihi iwe sekunde chache tu au isiwepo kabisa. Wale wanaolia mle ndani ni watu wa hapo kwenu, na msikilizaji anaweza akawa jikoni anaosha vyombo akasikia sauti ya ndugu yake aliyefariki. Ukiona ni lazima, muombe mwenye video, zione familia za wanaosikika, na mtangaze kabla haijachezwa ili anayetaka kuzima redio azime.

Turudi rafuni. Umeandika "sauti kubwa ya kutisha" ukafuta, na ulifanya vizuri kufuta. Msikilizaji wa Mbulu au Dodoma hana pa kuiweka sauti hiyo. Hajawahi kuisikia, na wewe unamwambia tu kwamba ilitisha. Lakini sufuria kugongana anakujua. Lori lililojaa mawe, likipanda kilima kwa gia ya kwanza, analijua. Ukimpa ulichodhani, anadhani pamoja nawe, na ukigundua umekosea, naye anagundua papo hapo. Katika simulizi za maafa hakuna mlango mzuri kuliko huu: sikio kukosea, na muda unaopita kabla mtu hajajua kwamba limekosea. Nimechukua maneno yako mwenyewe, nikaongeza la kumwita mama (utalirekebisha lilivyokuwa kweli), nikayapanga hivi:

Sufuria zikaanza kugongana rafuni. Nikajua mama ameamka, anatafuta ya chai. Nikamwita. Akaitikia kutoka kitandani.

Neno hofu halimo, na halihitajiki. Atakayesikia "kutoka kitandani" atashtuka mwenyewe. Kisha lori:

Nikasema basi ni lori la mawe, linapita barabara ya Singida. Nikangoja lipite. Halikupita.

Ukiyasoma haya kwa sauti, usiigize. Soma kama unavyomsimulia mtu mliyekaa naye jikoni. Wasomaji wengi wa redio wakifika penye uchungu huanza kutetemesha sauti, na hapo hapo msikilizaji hutoka kwenye tukio na kuanza kumtazama msomaji.

Ukishafika kwenye sauti yenyewe, Kiswahili kina maneno ya kutosha, ila kila moja lina kazi yake. Kuvuma ni kwa sauti inayoendelea bila kukatika, ya upepo, ya bahari, ya ngoma iliyo mbali. Kunguruma kuna mikwaruzo na kupanda na kushuka, ndiyo maana radi na simba hunguruma. Kurindima ni kwa sauti nzito inayojaa mahali pote hadi usijue imetoka wapi. Kishindo ni pigo moja, kitu kimekigonga kitu. Watu huandika "kishindo kikubwa" kwa kila janga, na mara nyingi si kweli. Jiulize kwa utulivu: ilivuma kwanza ndipo ikarindima? Kishindo ulikisikia lini, na ni cha nini, ukuta, gari, mti? Ukishajua, andika kitenzi hicho kimoja, bila "sana" na bila "mno".

Halafu kuna tanakali za sauti, ambazo shuleni tunazifundisha kwa mifano miwili mitatu tukapita. Katika maandishi zikizidi huleta utoto. Katika sauti mambo ni tofauti, kwa sababu tanakali huonyesha badala ya kueleza: msemaji hubadili kiimbo, huivuta au huikata, na kwa nukta moja unalisikia tukio lenyewe. Tunayo chubwi ya kilichotumbukia majini, pu ya kizito kilichoanguka, tifu ya kilichoangukia vumbi. Tope zito lenye mawe ndani si maji wala si ardhi kavu, na tanakali hizi tulizozizoea hazilitoshi. Msikilize mama. Nina hakika anaposimulia nyumbani kuna mlio anaoutoa kwa mdomo, au mkono anaoupiga pajani. Hiyo ndiyo tanakali ya siku ile, na iwe ya Kiiraqw au isiwe ya lugha yoyote, iache kama ilivyo. Usiitafsiri.

Jambo jingine la sarufi, na naomba usilione dogo. Sisi tukisimulia hupanda kwenye -ka- na kuteremka nayo hadi mwisho: nikaamka, nikatoka, nikaona, nikakimbia. Ni nzuri, inasukuma. Lakini -ka- inaahidi kwamba hili lilifuata lile, na kumbukumbu ya mtu aliyekuwa katika hatari haiko hivyo. Hofu ikizidi, macho na masikio hukamata vitu vichache kwa nguvu sana na kuviacha vingine vipite. Baadaye mtu anabaki na sufuria, anabaki na kitasa cha mlango, ila hajui alivukaje uwanja. Ni kawaida kabisa, wala si dalili kwamba umesahau au unatunga. Kwa hiyo tumia -ka- pale una uhakika wa mfuatano. Ukifika palipokatika, acha sentensi ikatike, uanze upya: "Kutoka hapo hadi kwa jirani sikumbuki. Nilikuwa nimeshika kandambili za mama." (Kandambili nimezitunga mimi, wewe utaweka kile ulichokuwa nacho mkononi.) Ukilazimisha mnyororo usiokuwepo utajaza kwa ulichokisikia kwa wengine, na mwenyewe utahisi ni uongo. Nadhani hii nayo ni sababu ya kufuta kwako.

Radi ya kutengeneza, jibu langu ni hapana. Zile radi zimetumika kwenye michezo ya redio kwa miaka mingi mno, msikilizaji wa mbali atasikia maigizo tu. Msikilizaji wa karibu, aliyekuwepo, mwili wake utashtuka kabla akili haijamwambia kwamba ni rekodi. Unakosa pande zote mbili. Badala yake, chukua sufuria zilezile, ziweke rafu ileile kama ipo bado, uitikise kwa kiganja taratibu na urekodi. Zima feni na friji, funga madirisha, weka simu kama shibiri moja hivi kutoka kwenye rafu. Nenda ukarekodi mto Jorodom ulivyo leo, siku ya kawaida. Halafu mwambie msikilizaji ukweli: "Sauti hii nimeirekodi mwaka huu, jikoni kwetu." Hakuna atakayekudharau kwa kusema hivyo. Na ukihitaji kimya baada ya "Halikupita", weka sekunde nne au tano, ila mjulishe fundi mitambo mapema. Vituo vingine vina mtambo unaoona kimya ni hitilafu na kuingiza muziki wenyewe, na muziki hapo utakuumiza.

Shairi silikatai. Tarbia, lile shairi la mistari minne kila ubeti, kwa mizani yake (silabi) nane kwa nane na kibwagizo kinachorudi kila ubeti, inafaa sana kwa maombolezo, kwa kuwa mfiwa naye hurudia jambo lilelile, na waliokusanyika wanaweza kukiitikia kibwagizo pamoja. Umbo lililofungwa pia humshika mtunzi asizame. Hatari yake ni vina. Ukishaweka "machozi" mwisho wa mshororo, "simanzi" na "majonzi" yanakuja yenyewe, na ubeti mzima unakuwa wa msiba wowote wa mahali popote. Ushauri wangu: simulizi iwe ya nathari, yaani maelezo ya kawaida yasiyo na vina, kisha mwishoni beti mbili au tatu za majina. Kabla ya kuyatangaza majina zione familia, uliza jina aliloitwa nyumbani na linavyotamkwa. Wengi wa marehemu walikuwa na majina ya Kiiraqw au ya Kibarbaig ambayo watangazaji huyaharibu, na familia inaumia mara ya pili.

Nataka pia simulizi yako ibebe kitu kwa wale ambao hawakuwepo. Katika kisiwa cha Simeulue, Indonesia, tsunami ya 1907 iliua watu wengi. Waliobaki waliipa jina, smong, wakaitia kwenye nyimbo na hadithi za jioni: ardhi ikitetemeka kwa nguvu, bahari ikirudi nyuma, kimbilia mlimani. Miaka 97 baadaye, tarehe 26 Desemba 2004, ilipokuja tsunami ile iliyofika hadi pwani zetu za Afrika Mashariki, watu wa Simeulue hawakungoja king'ora. Kati ya wakazi karibu 78,000, waliokufa kwa wimbi walikuwa saba. Kilichowaokoa ni neno na wimbo. Wewe unazo sufuria na lori. Ukisimulia vizuri, mtoto wa miguuni pa mlima atajua kwamba mvua ikiwa kubwa akasikia mvumo unaokua kutoka upande wa mto, au akaona maji ya mto yamechafuka au kupungua ghafla, asingoje kuona. Aondoke kwenye mkondo, apande pembeni palipoinuka, asikimbie kufuata bonde. Sentensi mbili tu za namna hiyo zinatosha, mahali panapofaa, kwa sauti yako ileile bila kugeuka mtoa matangazo.

Na sasa mama. Kutoka nje mvua ikipiga bati si udhaifu na si upungufu wa imani, kama wengine watakavyomwambia. Ubongo hufunga sauti na hatari kwa haraka sana, na sauti hufika kwenye sehemu za kushtuka kabla ya zile za kufikiri. Kwa mwili wake, mvua ni mwanzo wa asubuhi ile. Anachofanya, kutoka kwenye nyumba, pengine ndicho kilichomwokoa.

Lakini lipo wazo katika swali lako ambalo limeenea sana na si sahihi: kwamba akisimulia yote mara moja atakuwa ametua mzigo. Utafiti wa vikao vya kuwasimulisha watu kila kitu mara tu baada ya janga haukuonyesha kwamba vinawakinga, na mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2011 kuhusu huduma ya kwanza ya kisaikolojia unasema wazi mtu asishinikizwe kusimulia yaliyompata. Kuandika kwa hiari ni tofauti. Mwanasaikolojia James Pennebaker mwaka 1986 aliwapa wanafunzi kazi ya kuandika mambo yaliyowaumiza, dakika 15 kwa siku nne, na tafiti zilizofuata zimeonyesha faida, ingawa ni ndogo na si kwa kila mtu. Kwa hiyo wewe unayetaka kuandika, andika, kwa vipande vifupi, mchana, ukiwa na mtu nyumbani. Yeye asiyetaka, mwache.

Akitaka, aongee Kiiraqw. Mrekodi nyumbani, aanzie anapotaka, aishie anapotaka, na awe na haki ya kusema "futa" hata siku ya kurusha kipindi. Hewani acha sauti yake isikike kwa sentensi nzima kabla hujaingia na Kiswahili kwa ufupi, tena usiifunike. Na kama kusimulia ni kugumu, Wairaqw mna slufay, ile sala ya kishairi anayoiongoza mzee na waliopo wakaitikia. Pengine mama hatasimulia tope, ila atakubali kuwemo kati ya wanaoitikia. Waulizeni wazee. Usimsikilizishe video wala sauti za mvua ukidhani atazoea. Kumzoesha mtu sauti inayomtisha kunawezekana, lakini hatua kwa hatua na mbele ya mtaalamu.

Mimi ni mtu wa fasihi simulizi na vipindi vya sauti, si daktari, kwa hiyo hapa nakuelekeza kwa wengine. Kutoka nje wakati wa mvua kukiendelea zaidi ya mwezi tangu tukio, nanyi mmeshaupita mwezi huo kitambo, tayari ni sababu ya kumpeleka akaonwe. Ikiwa pia halali, anaota yaleyale, anakwepa njia ya mtoni, hali chakula vizuri au ameacha shughuli zake, msikawie. Anzieni hospitali ya wilaya na muulize huduma ya afya ya akili, au mwone afisa ustawi wa jamii wa halmashauri akuelekeze. Hospitali za rufaa za mikoa zina huduma hizo, na hospitali ya taifa ya afya ya akili, Mirembe, iko Dodoma. Akisema hata mara moja kwamba heri angekwenda na wale majirani, mpelekeni siku hiyohiyo. Nawe ukiona kuandaa kipindi kunakunyima usingizi, simama, waambie redio wasogeze tarehe, na uende ukaonwe vilevile.

Anza na rafu. Ukishapata dakika tatu za kwanza zilizorekodiwa, hata kama zina makosa, nitumie nizisikilize.